Kuku wa Kuchoma na Pasta kwa Sosi ya Jibini: Namna ya Kugawa Moto

Mlo huu unaunganisha vitu vitatu visivyotaka moto wa namna moja. Kuku anataka mkaa uliokolea, pasta inataka maji yanayotokota kwa nguvu, na jibini inataka joto la wastani lisilofika hata kwenye kuchemka. Sosi nyingi zinazokatika, zikabaki chembechembe zinazoelea katika mafuta, huwa zimeharibiwa na mpishi aliyeipa jibini moto uliomfaa kuku. Kwa hiyo, pamoja na vipimo, jambo nitakalolirudia katika kila hatua ni lini moto uongezwe, lini upunguzwe, na lini sufuria iondolewe jikoni kabisa.

Chimbuko la chakula hiki ni jepesi kuliko toleo tunalolijua. Mwanzoni mwa karne ya 20, mjini Roma, Alfredo di Lelio aliwaandalia wateja wake pasta bapa iliyochanganywa na siagi na jibini ya Parmigiano tu, bila krimu na bila kuku. Krimu na kuku viliongezwa baadaye Marekani, na toleo hilo ndilo lililoenea katika hoteli na mikahawa mingi duniani. Mimi hupika sosi inayoanza na unga na maziwa, kisha nikaongeza krimu kidogo, kwa kuwa krimu ni ghali na si kila duka linaiuza, lakini zaidi kwa kuwa wanga wa unga huishikilia jibini isikatike kwa urahisi.

Vipimo na uchaguzi wa jibini

Kwa watu wanne, andaa gramu 600 za kidari cha kuku kisicho na mfupa wala ngozi, gramu 400 za penne au pasta nyingine fupi yenye tundu, gramu 35 za siagi, vijiko 4 vya chakula vya unga wa ngano vilivyosawazishwa, mililita 600 za maziwa, mililita 150 za krimu na gramu 200 za jibini. Utahitaji pia punje 4 za kitunguu saumu, vijiko 3 vya chakula vya mtindi mzito, kijiko kimoja cha mafuta ya kula, limau moja, chumvi, pilipili manga na kungumanga nzima.

Jibini ndiyo inayostahili kufikiriwa zaidi wakati wa kununua. Jibini changa, kama gouda au cheddar isiyokomaa sana, ina unyevu wa kutosha na huyeyuka ikawa laini. Jibini ngumu iliyokaa muda mrefu, kama Parmigiano Reggiano ambayo huivishwa kwa miezi isiyopungua 12, ina ladha nzito lakini peke yake huelekea kufanya chembe. Ninachopendekeza ni gramu 140 za jibini changa kwa ajili ya ulaini na gramu 60 za jibini ngumu kwa ajili ya ladha. Jibini ya Goma, inayotengenezwa katika vilima vya Masisi, Kivu ya Kaskazini, inafanana na gouda na inafaa sana kwa kazi hii. Vivyo hivyo gouda zinazotengenezwa Kenya na jibini za Njombe huko Tanzania. Mozzarella iachwe kwa ajili ya piza, kwa sababu katika sosi hujivuta nyuzi ndefu na haiongezi ladha ya maana.

Nunua jibini ya kipande uikwangue mwenyewe. Ile inayouzwa ikiwa imeshakwanguliwa hupakwa wanga au selulosi ili isigandamane ndani ya pakiti, na unga huo huifanya sosi iwe na mguso wa mchanga mdomoni. Ikwangue ikiwa bado baridi kutoka kwenye jokofu, kwa tundu ndogo za kikwangulio, kisha iache mezani ipoteze ubaridi wakati unaendelea na kazi nyingine.

Hatua ya kwanza: kumwandaa kuku

Kidari cha kuku wa kisasa ni kinene upande mmoja na chembamba upande wa pili, na umbo hilo ndilo linalosababisha ncha ikauke kabla katikati hapajaiva. Kilaze juu ya kibao, kifunike kwa karatasi ya kuokea, kisha ugonge taratibu sehemu nene kwa mchi mpaka unene uwe sentimita 2 kila mahali. Kama kidari ni kikubwa sana, kipasue kwa ubavu kwa kisu kikali upate vipande viwili bapa. Usikioshe kwa maji ya bomba, kwani matone yanayoruka husambaza bakteria kama Salmonella na Campylobacter kwenye sinki na vyombo, na kinachowaua ni joto la kupikia. Kifute tu kwa karatasi ya jikoni.

Changanya mtindi, mafuta, punje 2 za kitunguu saumu zilizopondwa, ganda la njano la limau lililokwanguliwa, nusu kijiko cha chai cha pilipili manga na kijiko kimoja cha chai cha chumvi. Paka nyama pande zote, uihifadhi kwenye jokofu kwa saa 1 hadi 4. Najua kwamba jikoni kwetu ndimu na limau hukamuliwa kwa wingi juu ya kuku kabla ya kuchoma, na kwa paja lenye mfupa na ngozi si vibaya, lakini kidari kikiloweshwa humo muda mrefu asidi hukaza nyama ya nje, nayo ikichomwa hutafunika kama chaki. Tindikali ya mtindi ni ya upole. Maji ya limau yatakuja baada ya kuchoma.

Mwenye kuku wa kienyeji asimpeleke moja kwa moja kwenye wavu, kwa sababu nyama yake ni ngumu. Amchemshe kwanza kwa moto mdogo mpaka alainike, ndipo amchome kwa muda mfupi apate rangi. Supu inayobaki inaweza kuchukua nafasi ya mililita 200 za maziwa katika sosi, na hapo ladha huwa nzuri kupita ya kuku wa kisasa.

Hatua ya pili: msingi wa sosi

Sosi bila jibini inaweza kusubiri, ila jibini ikishaingia haisubiri. Ndiyo maana msingi hupikwa kabla ya kuku kwenda motoni.

Yeyusha siagi katika sufuria nzito kwa moto wa wastani, kaanga punje 2 za kitunguu saumu zilizobaki kwa nusu dakika bila kuziacha ziwe za kahawia, kisha tia unga. Koroga kwa dakika 2 mpaka harufu ya unga mbichi iondoke na mchanganyiko utoe povu jepesi. Mimina maziwa kidogo kidogo, theluthi ya kwanza polepole kabisa, huku ukikoroga kwa nguvu kwa kifaa cha kupigia mayai hadi upate uji mzito usio na madonge. Hapo ndipo maziwa yaliyobaki yanaweza kumiminwa kwa haraka zaidi. Yakianza kuchemka punguza moto, uache sosi ichemke polepole kwa dakika 5, kwa kuwa wanga hauwi mzito kikamilifu kabla ya kukaribia kuchemka, na muda huo huondoa ladha ya unga. Ongeza krimu, kwangulia kungumanga kidogo, funika na uondoe jikoni. Usitie chumvi bado, maana jibini ina chumvi yake.

Kungumanga inayouzwa ikiwa nzima, kama ile ya Unguja na Pemba, ina harufu isiyoweza kulinganishwa na ya unga uliokaa dukani. Robo kijiko cha chai inatosha, na ikizidi hapo hutawala kila kitu.

Hatua ya tatu: kuchoma

Washa mkaa nusu saa kabla. Upo tayari unapokuwa umefunikwa na majivu mepesi ya kijivu na hautoi tena moshi wala ndimi za moto. Usukume mwingi upande mmoja wa jiko, upande wa pili ubaki na mkaa kidogo, ili uwe na sehemu ya moto mkali na sehemu ya kupumzishia nyama inayoelekea kuungua. Kama kiganja chako kilichowekwa sentimita 10 juu ya wavu hakivumilii zaidi ya sekunde 3 au 4, upande mkali uko sawa.

Futa mtindi wa ziada kwenye nyama, kwa sababu ukibaki mwingi hunata na kuungua. Sugua wavu uliopata moto kwa brashi, kisha uupanguse kwa kitambaa kilicholowa mafuta kidogo, ukikishika kwa koleo. Laza vidari upande mkali na usiviguse kwa dakika 4 hadi 5. Nyama ambayo haijapata ukoko hushikamana na wavu, na ikishapata huachia yenyewe, kwa hiyo ukiona inakatalia usiivute, isubiri. Geuza, ichome dakika nyingine 4, kisha isogeze upande wa moto mdogo imalizikie hapo.

Kuku yuko salama anapofikia nyuzi 74 za Selsiasi katikati ya sehemu nene. Kipimajoto cha nyama ni kifaa kidogo ambacho ningependa kila mpishi awe nacho, maana katika kidari tofauti kati ya nyama yenye majimaji na nyama kavu ni dakika moja au mbili. Asiyekuwa nacho apasue kipande kinene kuliko vyote: nyama iwe nyeupe mpaka ndani na maji yake yawe maangavu, yasiwe na wekundu.

Mwondoe kuku, mkamulie nusu ya limau, umwache kwenye sahani kwa dakika 5 hadi 7 kabla ya kukata. Ukikata mara tu anapotoka motoni, maji yake yote yatabaki kwenye kibao.

Hatua ya nne: pasta

Maji yawe yamechemka kabla hujaanza kuchoma: lita 4 kwa gramu 400, na gramu 10 za chumvi kwa kila lita. Tumbukiza pasta unapomgeuza kuku mara ya kwanza, uikoroge katika dakika ya mwanzo isishikane, na usitie mafuta, kwani mafuta huizuia sosi isishike. Ipike kwa dakika 2 pungufu ya muda ulioandikwa kwenye pakiti, ikiwa bado na kiini kigumu kidogo ukiiuma, kwa sababu itaendelea kuiva ndani ya sosi. Nairobi, ambako maji huchemka kwa takriban nyuzi 94, muda huwa mrefu kidogo kuliko Mombasa au Dar es Salaam, hivyo meno yaaminiwe zaidi kuliko saa. Kabla ya kuchuja, chota vikombe viwili vya maji ya pasta uyaweke kando. Usiisuuze.

Hatua ya tano: jibini

Pasta inapokaribia kuiva, rudisha msingi wa sosi kwenye moto mdogo uupashe mpaka utoe mvuke bila kuchemka. Ondoa sufuria jikoni, tia konzi moja ya jibini, koroga kwa mwiko mpaka ipotee, ndipo utie nyingine. Anza na ile changa na umalizie na ngumu. Ukitia yote kwa pamoja, au ukiiacha ichemke, protini ya jibini hukaza na kuyasukuma mafuta nje, na hapo ndipo sosi hukatika. Anayepika kwa mara ya kwanza na kuwa na wasiwasi anaweza kuongeza kipande kimoja cha jibini laini ya kusindika, kwa kuwa ina chumvi maalumu zinazounganisha mafuta na maji.

Mimina pasta iliyochujwa ndani ya sosi, ongeza nusu kikombe cha maji uliyoyahifadhi, urudishe kwenye moto mdogo kabisa kwa dakika moja huku ukipindua. Onja sasa, ndipo uamue kuhusu chumvi na pilipili manga. Sosi iwe nyepesi kuliko unavyoitaka mezani, maana huganda kadiri inavyopoa; ikiwa nzito, ongeza maji ya pasta kijiko kwa kijiko. Sosi iliyoanza kuonyesha mafuta pembeni mara nyingi huokolewa kwa kuiondoa motoni na kuikoroga kwa nguvu na maji hayo ya moto kidogo, lakini ikishakuwa chembe ngumu hairudi.

Kata kuku vipande vyembamba dhidi ya nyuzi za nyama, uvipange juu ya pasta pamoja na maji yaliyotoka kwenye sahani. Kachumbari isiyo na mafuta, yenye ndimu na nyanya, hupunguza uzito wa jibini kuliko saladi yoyote ya krimu.

Kinachobaki kihifadhiwe kwenye jokofu ndani ya saa 2, au ndani ya saa 1 ikiwa joto la siku limepita nyuzi 32, na kiliwe ndani ya siku 3. Kuku awekwe chombo chake. Pasta ipashwe kwa moto mdogo pamoja na maziwa vijiko vichache, ikikorogwa mpaka iwe ya moto kote, na kuku atiwe mwishoni apate moto pamoja nayo.