Laini ya umeme ikiharibu shamba au nyumba: namna ya kudai fidia Tanzania

Kabla hujaandika barua yoyote, tambua dai lako ni la aina gani. Kuna fidia ya kupisha mkuza, yaani ukanda wa ardhi unaoachwa wazi kwa ajili ya laini: laini mpya inapita kwenye ardhi yako, hivyo unaondoa nyumba, miti au mazao. Na kuna fidia ya uharibifu: laini ipo siku zote, lakini waya umekatika ukaunguza mahindi, nguzo imeangukia paa, au waliokuja kusafisha mkuza wamekata miti iliyo nje ya mipaka yake. Fidia ya mkuza huongozwa na uthamini unaoidhinishwa na Mthamini Mkuu wa Serikali. Ya uharibifu inasimama juu ya ushahidi wako mwenyewe, na hapo ndipo watu wengi wanapopoteza haki yao, tena ndani ya siku mbili tatu za mwanzo.

Waya ukianguka

Kaeni mbali angalau mita 10, watoto na mifugo pia, hata kama waya umetulia na haurushi cheche. Waya uliolala chini unaweza kuwa bado na umeme, na ardhi yenye unyevu huusambaza. Piga simu TANESCO (shirika la umeme) namba 180, omba namba ya taarifa na uiandike pamoja na saa uliyopiga. Namba hiyo ndiyo itakayothibitisha baadaye kwamba tukio lilitolewa taarifa siku ileile.

Kisha piga picha, ukiwa umbali salama. Picha ya mahindi yaliyoungua peke yake haisemi kilichoyaunguza. Zinatakiwa za aina tatu: nguzo (na namba yake kama imeandikwa), sehemu waya ulipokatikia, na mali iliyoharibika, halafu moja ya mbali inayoonyesha vyote pamoja. Mafundi wakishaunganisha waya na kuondoka, alama za chanzo zinaondoka nao. Kwa hiyo piga kabla hawajaanza kazi.

Mwite mwenyekiti wa kitongoji au wa mtaa na mtendaji wa kijiji au mtaa waone kwa macho na kuandika taarifa yenye tarehe, saini na muhuri. Palipowaka moto, pata taarifa ya Polisi na ya Jeshi la Zimamoto na Uokoaji. Kama ni mazao, afisa ugani ayahesabu kwa aina, umri na hali yake. Usisafishe shamba kabla ya hesabu hiyo.

Hesabu lazima ikae sawa na nafasi ya upandaji. Mikorosho iliyopandwa mita 12 kwa 12 inaingia kama 28 kwa ekari. Ukidai 60 kwa ekari moja bila maelezo, hata madai yako ya kweli yatatiliwa shaka. Vifaa vilivyoungua kwa umeme kuzidi, mfano friji au pampu, usivitupe wala usivitengeneze haraka. Vihifadhi, upate maelezo ya fundi kwa maandishi na risiti ya ununuzi kama ipo.

Barua ya madai

Iandike kwa Meneja wa TANESCO wa wilaya yako. Iwe fupi: jina na mahali, tarehe na saa, kilichotokea, namba ya taarifa, orodha ya mali na thamani ya kila kimoja, jumla, kisha viambatisho. Usiandike "hasara kubwa". Andika "migomba 40 inayozaa, bati 18 za geji 30". Toa nakala mbili, yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri huo ni vigumu kuthibitisha kwamba barua ilifika.

Usipojibiwa, au ukijibiwa usivyoridhika, peleka lalamiko EWURA, mamlaka inayodhibiti huduma za nishati na maji, pamoja na nakala hiyo. EWURA itauliza kwanza kama ulianza kwa mtoa huduma, na usipokuwa na uthibitisho utarudishwa. Baraza la Ushauri la Watumiaji, yaani EWURA CCC, husaidia wananchi kuandaa malalamiko ya namna hii. Usione aibu kulitumia, ndiyo kazi yake. Usiporidhika na uamuzi wa EWURA, rufaa huenda Baraza la Ushindani.

Ukifikiria mahakama, angalia muda. Chini ya Sheria ya Ukomo, dai la madhara ya kawaida lina miaka 3, lakini dai la fidia kwa jambo lililofanywa kwa mamlaka ya sheria lina mwaka 1 tu. Wewe jihesabie mwaka 1. Tena TANESCO ni shirika la umma: tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2020 unatakiwa kutoa notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali kwenye kesi. Kesi nyingi hutupwa kwa kukosa notisi hiyo, hata zenye madai mazito. Mtafute wakili mapema, usingoje mwezi wa kumi na moja.

Laini mpya ikipita kwako

Sheria ya Ardhi inamtaka anayeomba mkuza alipe fidia ya miti, mazao na majengo, pamoja na uharibifu uliofanywa na wapima njia. Siku ya uthamini uwepo mwenyewe. Hesabu miti pamoja na mthamini, soma fomu kabla ya kusaini, na ubaki na nakala au uipige picha. Kilichosahaulika hapo, mfano kisima, choo, uzio au kaburi, ni vigumu sana kukirudisha baadaye.

Nyumba inapoondolewa, fidia haiishii kwenye thamani ya jengo. Kwa Kanuni za fidia ya ardhi za mwaka 2001 kuna posho ya makazi: kodi ya soko kwa mwezi mara 36. Nyumba ya kodi ya shilingi 150,000 inaleta 5,400,000. Posho ya upotevu wa faida ni faida halisi ya mwezi mara 36, lakini inadai hesabu zilizokaguliwa, ndiyo maana wenye maduka madogo huikosa. Kuna usafiri wa tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20, na posho ya usumbufu inayokokotolewa kwa wastani wa riba ya amana za muda maalumu za benki. Ardhi isiyokaliwa haipati makazi, usafiri wala upotevu wa faida.

Malipo yakivuka miezi 6 unastahili riba, na uthamini wenyewe hudumu miaka 2. Ukipita muda huo bila kulipwa, dai uthamini urudiwe.

Miradi ya REA (Wakala wa Nishati Vijijini) mara nyingi huomba wananchi watoe njia bila fidia. Uliza jambo hilo kwenye mkutano wa kijiji, na jibu liingie kwenye muhtasari. Aliyejenga ndani ya mkuza baada ya laini kuwepo hana fidia, hata kama alikuwa na kibali cha mdomo.

Hakikisha jina kwenye fomu ya uthamini, kitambulisho cha NIDA na akaunti ya benki ni lilelile, herufi kwa herufi. Jina likitofautiana, hundi inakwama hadi ulete kiapo.