Kabla hujampa mtengeneza filamu picha za kale

Kopo la filamu ya zamani nalifungua karibu na dirisha, na pua ndiyo inayotangulia. Ukisikia harufu ya siki, asetati, yaani plastiki ya mkanda wenyewe, imeanza kuoza, na mvuke wake huozesha makopo ya jirani. Litenge siku hiyohiyo, liweke penye ubaridi na ukavu, liingie kwenye orodha ya yatakayonakiliwa kwanza. Kama ni ya milimita 35 na ni ya kabla ya miaka ya 1950, mwite mjuzi kwanza: huenda ni naitreti, plastiki ya zamani inayowaka kwa urahisi, na hiyo ikishika moto huwaka hata ndani ya maji.

Usiipitishe kwenye projekta eti uone kilichomo. Filamu iliyosinyaa matundu yake hayalingani tena na meno ya mashine. Itachanika mbele ya macho yako. Vaa glavu, shika kingo, izungushe kwa mkono polepole juu ya meza yenye taa.

Hapo mezani usiwe na haraka. Niliwahi kumpa mtayarishaji dakika mbili za gwaride kwa kuamini kopo lililoandikwa 1958. Baadaye nikaweka kioo cha kukuzia pembeni mwa mkanda, penye vialama vya Kodak vya duara, mraba na pembetatu vinavyotaja mwaka filamu ilipotoka kiwandani. Vialama hivyo hurudia kila miaka 20, kwa hiyo vilinipa miaka miwili: 1945 au 1965. Nyuma ya bendi lilikatiza gari ambalo hata mwaka 1958 halikuwa limeundwa, basi mkanda ulikuwa wa 1965. Kopo lilikuwa la filamu nyingine kabisa. Nilimpigia simu usiku uleule, na namshukuru Mungu alikuwa hajamaliza kuhariri.

Tangu hapo kadi ninayoandikia maelezo ya kila filamu ina mistari mitatu isiyochanganywa: kopo linasema nini, mkanda unasema nini, picha inaonyesha nini.

Ukishaskani, faili mama, yaani lile la kwanza lililotoka kwenye skana, usilikate wala kulisafisha rangi. Weka nakala tatu, moja iwe jengo jingine, na filamu yenyewe usiitupe.

Mhariri mpe kwanza nakala nyepesi yenye taimukodi, namba zinazohesabu saa, dakika na sekunde, juu ya picha. Akishachagua, mkatie kutoka faili mama, ukimwongezea sekunde chache mbele na nyuma. Mwambie kasi ya asili: filamu bubu nyingi zilipigwa kwa fremu (picha moja moja) 16 au 18 kwa sekunde, na zikichezwa kwa 24 waombolezaji wataonekana wanakimbilia kaburini. Hilo linaniuma kuliko mikwaruzo yote. Umsihi pia asikate vichwa vya watu ili picha ijaze skrini pana.

Kuwa na kopo si kuwa na hakimiliki. Mtafute mwenye haki, kisha mkataba utaje filamu gani, nchi zipi, miaka mingapi. Muziki nao una mwenye haki wake.

Kadi ile iende pamoja na faili, hata pale mstari wa tarehe unaposomeka "haijathibitishwa".