Panadol na Tylenol Ni Dawa Ileile

Baridi yangu ya kwanza Marekani nilishikwa na mafua yaliyonilaza kitandani. Nilikuwa na Panadol mkobani, nikameza mbili. Baadaye kidogo niliyekuwa nakaa naye akanipa Tylenol mbili, nikapokea na kushukuru. Kabla ya kulala nikaongeza kikombe cha NyQuil, ile dawa ya maji ya mafua. Mimi nilijua nimetumia dawa tatu. Kumbe nimemeza dawa moja mara tatu: miligramu 1,000, nyingine 1,000, kisha 650, zote jioni moja.

Dawa yenyewe ni parasetamoli. Panadol ni jina la biashara tu. Marekani na Kanada parasetamoli huandikwa acetaminophen, na hapo ndipo wageni tunapojikwaa, maana majina hayafanani hata kidogo. Imo ndani ya Tylenol, Excedrin, DayQuil na dawa nyingi za mafua na kikohozi. Kwa hiyo achana na jina kubwa la mbele, geuza pakiti. Kwenye dawa za dukani za Marekani, kiambato chenyewe na kipimo chake vimo mstari wa juu kabisa wa lile jedwali la nyuma. Ukikuta neno lilelile kwenye pakiti mbili, chagua moja.

Mtu mzima mwenye afya asizidishe gramu 4 kwa saa 24, yaani vidonge 8 vya miligramu 500, na kati ya dozi na dozi zipite angalau saa 4. Kama una uzito chini ya kilo 50, una shida ya ini au unakunywa pombe sana, kiwango chako huenda kikawa chini ya hapo. Muulize mfamasia; kumuuliza ni bure.

Kinachonitisha kwenye parasetamoli ni ukimya wake. Aliyezidisha anaweza kushinda siku ya kwanza akiwa na kichefuchefu kidogo, au bila dalili yoyote. Siku ya pili au ya tatu ndipo ubavu wa kulia unapouma na macho kuanza kuwa ya njano, na wakati huo ini limeshaumia. Dawa ya kuizuia ipo, inaitwa asetilisisteini, lakini nguvu yake ni kubwa zaidi ikianza ndani ya saa 8 tangu kuzidisha. Basi usisubiri kuumwa. Ukiwa Marekani piga 1-800-222-1222, kituo cha ushauri wa sumu, saa yoyote. Uingereza piga 111. Kiingereza kikigoma, omba mkalimani.

Kundi la pili la dawa za maumivu ni ibuprofeni: Brufen, Advil, Motrin, Nurofen, zote ni hiyo. Naproxen, inayouzwa pia kwa jina la Aleve, ni ndugu yake, na diklofenaki vilevile, kwa hiyo usichanganye wawili wa ukoo huu. Hizi hukwaruza tumbo, hasa kwa mwenye vidonda. Ukiona choo cheusi kama lami, nenda hospitali siku hiyohiyo. Zinapandisha presha pia. Anayetumia losartani, dawa ya presha, au dawa za aina hiyo pamoja na dawa ya kukojoza, akiongeza ibuprofeni juu yake, anaziweka figo pabaya, na zaidi kama anatapika au anaharisha. Mjamzito aliyefikisha wiki 20 aiache mpaka daktari aseme.

Aspirini usimpe mtoto aliye chini ya miaka 16 bila agizo la daktari. Na sirapu za watoto hazilingani: ya parasetamoli Marekani huwa na miligramu 160 katika mililita 5, Uingereza ni 120, na ya watoto wakubwa 250. Ukipewa maelekezo ya vijiko kwa simu kutoka nchi nyingine, usiyafuate. Soma chupa uliyoishika.

Sasa begi. Dawa inayouzwa waziwazi nchi moja inaweza kukufikisha polisi nchi nyingine. Tramadoli, dawa kali ya maumivu, inadhibitiwa kisheria Uingereza na Marekani tangu 2014. Kodeini, nyingine ya maumivu, Australia haitoki bila cheti cha daktari tangu 2018, na Falme za Kiarabu zinataka kibali kabla hujasafiri nayo. Vidonge vya diklofenaki, tulivyovizoea kama peremende, Uingereza vinahitaji cheti tangu 2015. Beba dawa kwenye boksi lake, lenye jina lako, pamoja na cheti. Vidonge vilivyomiminwa kwenye mfuko wa nailoni havina wa kuvitetea uwanja wa ndege.

Na mtu akikuomba umbebee kifurushi kidogo cha dawa za shangazi, mwambie kwanza akutumie picha ya kila pakiti, mbele na nyuma. Ukisoma tramadoli au kodeini, kifurushi kibaki.