Jinsi ya Kutambua Kama Vekta Mbili ni Sawa kwa Nukta za Mwanzo na Mwisho

Chukua karatasi ya grafu na uifanye ramani ya Kariakoo, ambako mitaa mingi imenyooka na kukatana kwa pembe mraba, kila mtaa ukiwa mstari mmoja wa grafu. Msukuma mkokoteni mmoja anatoka nukta P(1, 2) na kushusha mzigo Q(4, 6), na mwenzake anatoka R(5, 1) hadi S(8, 5). Huenda hawakuonana kabisa, lakini swali la vekta halihusu njia waliyopita wala mahali walipoanzia. Linahusu umbali ulionyooka kati ya mwanzo na mwisho wa kila mmoja, pamoja na upande alioelekea. Vekta mbili zikiwa na ukubwa mmoja na mwelekeo mmoja, basi ni sawa, hata kama moja imechorwa juu ya karatasi na nyingine chini.

Kuamua, toa namba za nukta ya mwanzo kutoka katika namba za nukta ya mwisho, x kwa x na y kwa y. Kwa PQ tunapata 4 − 1 = 3 na 6 − 2 = 4, yaani (3, 4); kwa RS tunapata 8 − 5 = 3 na 5 − 1 = 4, yaani (3, 4) vilevile. Jozi zimefanana, hivyo PQ = RS, na hakuna haja ya hesabu nyingine. Ingetofautiana namba moja tu kati ya hizo, vekta zisingekuwa sawa.

Wanafunzi wengi wa tuisheni hupenda njia ndefu zaidi, ya kutafuta urefu kwa kanuni ya Pythagoras na kisha mteremko wa kila mstari, yaani badiliko la y kugawanya kwa badiliko la x. Mimi siipendi, na sababu si urefu wake pekee. Vekta (3, 4) na (4, 3) zote zina urefu wa 5, kwa kuwa 9 + 16 = 25 na kipeuo chake cha pili ni 5, ilhali zinaelekea pande tofauti; kwa hiyo urefu peke yake hautoshi. Ukiongeza mteremko bado kuna mtego. Mkokoteni unaorudi kutoka Q hadi P una vekta (−3, −4), ambayo urefu wake ni 5 na mteremko wake ni 4/3, sawasawa kabisa na PQ, kwa sababu alama mbili za kutoa hufutana katika kugawanya. Mwanafunzi aliyeridhika na vipimo hivyo viwili ataandika kwamba kwenda na kurudi ni vekta moja. Tena, mstari ukisimama wima, mteremko haupatikani kabisa, kwani huwezi kugawanya kwa sifuri.

Makosa mengine hutokana na namba hasi. Tazama A(−2, 3) na B(1, −1): badiliko la x ni 1 − (−2) = 3, wala si −1, na badiliko la y ni −1 − 3 = −4. Kwa C(0, 5) na D(3, 1) unapata pia (3, −4), kwa hiyo AB = CD. Ikiwa kutoa namba hasi kunakutia wasiwasi, hakiki kwa kujumlisha: mwanzo wa vekta ya kwanza na mwisho wa ya pili vijumlishwe, kisha mwisho wa ya kwanza na mwanzo wa ya pili. Hapa A na D zinatoa (1, 4), B na C zinatoa (1, 4). Majumlisho hayo yakilingana, vekta ni sawa. Ni mlinganyo uleule wa kutoa, ila umehamishwa pande.

Uhakiki huo una picha yake. Nusu ya kila jumla ni nukta ya katikati ya mstari unaounganisha nukta mbili zilizojumlishwa; kwa hiyo, tukirudi kwa mikokoteni yetu, mistari PS na QR hukatana katikati, jambo ambalo ni sifa ya mishazari (mistari ya kutoka kona hadi kona inayoikabili) ya msambamba, yaani umbo la pande nne ambalo pande zake zinazokabiliana ni sambamba. Ndiyo maana, PQ ikiwa sawa na RS na nukta nne zisipokuwa katika mstari mmoja, msambamba unaopatikana huitwa PQSR, na anayeuandika PQRS amevuka kwa mshazari badala ya kuzunguka pembeni.