Somo: kupima protini kwenye mkojo kwa stripu, hatua kwa hatua

Habari zenu ndugu. Mimi ni wa maabara, zahanati moja huku Bahi. Wiki hii kaja mama mjamzito ameambiwa ana "mkojo mchafu", anameza dawa siku ya nne, kumbe kwenye karatasi yake imeandikwa protini plus mbili na presha hakuna aliyempima. Jamani protini sio UTI, yaani maambukizi ya njia ya mkojo. Ni figo zinavujisha kitu ambacho zinatakiwa zikibakize kwenye damu, kwahiyo tujifunze kupima vizuri kwa stripu, kile kijiti chembamba chenye vipedi vinavyobadilika rangi.

Kwanza mkojo wenyewe. Mzuri ni wa asubuhi ukiamka, sababu mtu akishakunywa maji mengi unakuwa mwepesi na protini kidogo haionekani. Mama ajisafishe kwa maji, ajifute, mkojo wa mwanzo auachie chooni, akinge wa katikati. Hapa ndo tunaharibu wengi, maana uchafu wa ukeni au damu ya hedhi ikiingia stripu inabadilika rangi na figo zake ni nzima kabisa. Kikopo kiwe kisafi na kikavu, kisiwe na mabaki ya sabuni wala jiki. Upimwe ndani ya saa moja, mkojo ukiachwa dirishani kwa jua letu hili bakteria wanaugeuza unakuwa na alkali, na huo unakupa protini ya uongo.

Kopo la stripu: soma tarehe, toa moja, funga hapohapo. Kile kipakiti cha kunyonya unyevu kiacheni humohumo. Stripu nyingi zinataka joto lisizidi nyuzi 30, sasa chumba cha bati Dodoma mwezi wa kumi na moja kinapita hapo mapema tu, tafuta kabati lenye kivuli, na friji pia hapana.

Sasa kuchovya. Zungusha kikopo mkojo uchanganyike, chovya vipedi vyote vilowe, toa palepale, kokota ubavu wa stripu kwenye mdomo wa kikopo umwage wa ziada, ishike imelala ili rangi zisichuruzikiane. Kipedi usikiguse na kidole. Protini inasomwa sekunde 60, sio ukimaliza kuandika majina. Mwaka wangu wa kwanza kazini foleni ilikuwa ndefu nikasoma stripu iliyokaa kama dakika tano, nikaandika plus mbili, mkubwa wangu akarudia na stripu mpya hakuna kitu, na yule mama alishaanza kulia. Toka siku hiyo naweka saa ya simu mezani.

Njano ni hakuna, ikienda kijani kuelekea bluu inapanda. Plus moja ni kama miligramu 30 kwa desilita, plus mbili 100, plus tatu 300. Linganisha na chati ya kopo hilohilo, usichukue ya kampuni nyingine.

MASWALI

Mkojo wangu unatoa povu, ni protini?
Inaweza, ila hata kukojoa kwa kasi kunatoa povu. Pima, usikisie.

Mdogo wangu kakutwa plus moja, jana yake alicheza mpira sana.
Mazoezi makali na homa vinaleta protini ya muda. Arudie na mkojo wa asubuhi akishapumzika. Ikiendelea kutokea apimwe presha, sukari na figo, na kama anaoga mabwawani aseme, kichocho nacho kinaleta.

Stripu zimeisha kituoni kwetu Mpwapwa, tufanyeje?
Njia ya zamani ipo. Mkojo kwenye testityubu, chemsha sehemu ya juu tu, ikiwa na ukungu dondoshea asidi ya asetiki matone machache. Ukungu ukipotea ilikuwa fosfeti, chumvi ya kawaida ya mkojo, ukibaki ni protini. Mdomo wa tyubu usielekee mtu.

Dada samahani, nina mimba miezi saba, plus mbili, kichwa kinauma toka jana na naona kama nyota nyota. Kliniki yangu ni jumatatu.
Mdogo wangu usisubiri jumatatu. Hizo zinaweza kuwa dalili za kifafa cha mimba kinakuja. Nenda sasa hivi kituo cha afya au hospitali, usiende peke yako, beba kadi ya kliniki, ukifika sema kabla hujakaa kwenye benchi: nina mimba, nina protini, kichwa kinauma, naomba nipimwe presha. Ikiwa 140/90 au zaidi usikubali kurudishwa nyumbani na panadoli.

Sawa dada, shemeji yako anatafuta bajaji.
Nijulishe ukifika, simu iko hewani.