Somo: Kuchora ramani ya nchi inayohama kwa uchawi (soma lote kabla ya kuuliza)

Wakuu, swali ni lile lile kila mara: "Hadithi yangu ina milima inayohama usiku, sasa ramani naichoraje?" Nimelijibu vipande vipande mpaka nimechoka, kwa hiyo naliweka hapa lote, kwa waandishi wa hadithi na watengeneza michezo. Msimamo wangu ni huu: mchoraramani wa nchi kama hiyo anachora mwenendo wa mahali. Msomaji akiujua mwenendo, ataingoja hatari kabla haijafika. Asipoujua, ataona unahamisha milima kila unapokwama.

Hatua ya 1. Ichore nchi kama ilivyo siku moja tu, imetulia.

Hatua ya 2. Andika tarehe ya siku hiyo ukingoni.

Hatua ya 3. Weka nanga, yaani mahali pasipohama pa kupimia. Hapa ndipo wengi wanapoanguka, nenda polepole. Kuhama hupimwa kwa kulinganisha na kisichohama. Nchi yote ikisogea pamoja, aliye ndani yake hang'amui. Australia nzima inasogea kaskazini-mashariki kiasi cha sentimita 7 kwa mwaka. Vipimo vyake vya mwaka 1994 vilikuwa vimefungwa kwenye bara lenyewe, na kufikia 2020 vilipishana na vya setilaiti kwa takriban mita 1.8, ikabidi viwekwe vingine. Nanga moja haitoshi, maana nchi inaweza kuizunguka kama mbuzi kwenye kamba na umbali usibadilike. Nanga mbili zitakuonyesha imegeuka kiasi gani. Ya tatu ni ya kuzikagua hizo mbili, kwa sababu siku moja nanga nayo itahama, na hiyo ndiyo sura utakayofurahia kuiandika kuliko zote.

Tahadhari ya kwanza: sindano ya dira isiwe nanga. Ncha ya kaskazini ya sumaku, aliyoifikia baharia Mwingereza James Clark Ross mwaka 1831 huko kaskazini mwa Kanada, imeshasogea mbali kuelekea upande wa Siberia, na mwanzoni mwa karne hii ilifikia kasi ya kilomita 50 na zaidi kwa mwaka. Hapo hakuna uchawi.

Tahadhari ya pili: mji wa shujaa usiwe nanga. Nyumbani pakiwa salama daima, kuhama kunakuwa shida ya watu wengine.

Hatua ya 4. Tunga kanuni kwa sentensi moja: nini kinahama, lini, kinafuata nini. Chukua mfano kwa maumbile. Lile tuta la majivu meusi karibu na Olduvai husukumwa na upepo kiasi cha mita 17 kwa mwaka bila kupoteza umbo la mwezi mwandamo, pembe zikielekea upepo unakokwenda. Na matuta ya aina hiyo, madogo huenda kasi kuliko makubwa. Ipeleke kanuni hiyo kwenye uchawi wako: vilima vinaikimbiza milima, na vinaikuta.

Hatua ya 5. Kila kuhama kupate karatasi yake nyembamba, inayoonyesha cha chini, juu ya ramani ya kwanza. Usifute kitu.

Hatua ya 6. Kwenye ufunguo, mstari mzito kwa kilichopimwa, nukta nukta kwa kilichosimuliwa tu. Kisiwa kiitwacho Sandy Island kilikaa ramanini zaidi ya karne moja, baina ya Australia na New Caledonia, mpaka wanasayansi walipofika mwaka 2012 wakakuta bahari yenye kina cha zaidi ya mita 1,000.

MASWALI

Swali: Mkuu, somo refu. Kwa kifupi, kaskazini naiweka wapi?

Jibu: Hatua ya 3, tahadhari ya kwanza.

Swali: Uchawi wangu hauna kanuni, ardhi inahama ovyo tu. Kwa nini unatubana?

Jibu: Sijambana mtu. Kanuni unaitunga mwenyewe. Hata kete ina pande sita; amua zako ni ngapi, halafu rusha. Kama na hilo hulitaki, huhitaji ramani.

Swali: Shukrani mwalimu. Mhusika wangu ni mchoraramani, na kila ramani anayouza inapitwa baada ya siku chache. Wateja wananunua nini hasa?

Jibu: Swali zuri sana. Wananunua uwezo wa kuisoma nchi. Tazama mabaharia wa Visiwa vya Marshall, kwenye Bahari ya Pasifiki: walifunga vijiti kuonyesha jinsi mawimbi makubwa yanavyopinda yakikutana na visiwa, na kombe dogo likasimama mahali pa kisiwa. Umbali haukuwa jambo kuu. Baharia alijifunza yote kabla ya safari, akaiacha ramani hiyo ya vijiti nchi kavu, na akiwa baharini aliyatambua mawimbi kwa mwili wake, kupitia mtumbwi. Mhusika wako auze kitu cha namna hiyo: mteja akae naye jioni nzima mbele ya ramani, kisha aondoke mikono mitupu. Mwizi akiiba karatasi, ameiba nini? Hapo tayari una kisa.

Swali: Na mto wa mpakani ukihama, shamba linakuwa la nani?

Jibu: Rio Grande ilihama hivyo baina ya El Paso na Ciudad Juárez, na mzozo wa eneo la Chamizal ukaendelea mpaka mkataba wa Marekani na Mexico wa 1963. Kanuni inayotumika: mto ukila ukingo polepole, mpaka unaufuata, ukiruka ghafla, mpaka unabaki kwenye mkondo wa zamani. Sasa mweke mchawi anayeusogeza mto polepole, kwa makusudi.

Mchango: Mimi natumia rangi tofauti kwa kila kuhama.

Jibu: Vizuri, ila tarehe za zamani zipe rangi nyepesi, la sivyo za mwisho zitafunikwa. Anayechora kwenye kompyuta aliite kila tabaka kwa tarehe yake ya kule hadithini, siyo ya siku aliyolichora.