Kumrekodi Msichana na Simu Yake Bila Kumgeuza Sura

Ukitaka kutengeneza filamu ya makala kuhusu wasichana wa Mombasa, miili yao na simu zao, anza na kamera yako. Usilaumu filta kwa kuchonga pua na kung'arisha ngozi ilhali kamera yako yafanya kazi iyo hiyo.

Simu nyingi huwa na sehemu ya urembo iliyowashwa tangu dukani. Izime. Kisha jihadhari na buibui, lile vazi jeusi la kujifunika. Kamera ikiachiwa ijipimie mwanga, ikakuta nguo nyeusi imejaa kwenye picha, hudhani pana giza. Huongeza mwanga, na uso wa maji ya kunde hutoka mweupe. Msimamishe mbele ya ukuta wa chokaa Mji wa Kale, mambo yapinduka: kamera hupunguza mwanga, uso ukaingia kiza. Mtu ni mmoja, rangi mbili, na hajagusa poda. Kwa hivyo pima mwanga kwenye shavu lake na uufunge hapo. Kwenye simu, gusa shavu na ushikilie kidole mpaka ujifunge. Mimi hupenda kumkalisha kando ya dirisha, saa kumi alasiri.

Anapojipiga selfi, usiielekeze kamera kwenye skrini yake. Mwombe airekodi skrini kwa simu yenyewe, nawe ubaki na uso wake. Unachokitafuta ni macho yake pale anapoiondoa filta. Ukiwa chini ya taa za umeme, weka shata, yaani muda ambao kamera hupokea mwanga, iwe 1/50 au 1/100 ya sekunde, kwa kuwa umeme wetu ni wa hezi 50. La sivyo mistari itatambaa kwenye picha. Adhana ikianza, nyamaza.

Maswali sasa. "Wajiona mrembo?" litakupa jibu ambalo ameshalisikia kwa wengine. Mwambie akuonyeshe picha aliyokataa kuituma, na akueleze kwa nini. Muulize kuhusu singo, ile dawa ya kumsugulia bi harusi ngozi: ni nani aliyemsugua dadake alipokuwa bi harusi, liwa na waridi vilisagwa wapi, na nyanyake alisema nini kuhusu ngozi yake siku hiyo. Hapa ndipo filamu nyingi zinapoharibika. Zamweka nyanya kuwa ndiye asili na mjukuu kuwa aliyepotea, ilhali nyanya naye aliitaka ngozi ing'are, na maneno yake kuhusu weupe pengine yalimfikia mtoto kabla ya simu. Wape wote wawili nafasi ya kusema.

Usiku wa kupamba, sherehe ya wanawake peke yao ya kumwonyesha bi harusi, kamera ibaki nyumbani. Wanawake wamejifunua kwa kuaminiana, na hata bi harusi akikuruhusu, waalikwa hawajakuruhusu. Badala yake, rekodi mikono ya bi harusi siku anapopakwa hina. Hapo pana mazungumzo mengi kuliko ukumbini.

Ruhusa iombe mara mbili: kabla ya kurekodi, na tena baada ya kuhariri. Sheria ya Kulinda Data ya 2019 yampa haki ya kuiondoa ruhusa yake wakati wowote, na kwa mtoto ni lazima mzazi au mlezi aridhie. Mwonyeshe filamu kwenye simu, maana huko ndiko shoga zake watakakomwona. Akisema kipande kitoke, kitoe, pamoja na kila nakala uliyoihifadhi.